Jengo la bunge la Ujerumani limetunza makovu ya kila mtu. Nimelitafuta la kwetu

Mpanda Kuba (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Huu ni mwaka wangu wa tisa Berlin. Kazi yangu ni kuhudumia wazee, na kila mgeni anayetoka nyumbani ombi lake ni moja: nipeleke kwenye lile bunge lenye kioo juu. Nimeshalipanda lile kuba mara kumi na moja. Kiingilio ni bure, ila unajiandikisha mapema na mlangoni unakaguliwa kama uwanja wa ndege. Safari hii nilimpeleka mjomba wangu, mstaafu wa Posta, mtu wa Pangani. Kule juu kuna picha za historia ya jengo zimepangwa duara. Mjomba akavua kofia, akazunguka mara mbili polepole huku mimi nikimtafsiria, halafu akauliza: "Sasa sisi tumeandikwa wapi humu?"

Nilicheka. Usiku usingizi ukakata.

Toka siku hiyo nimekuwa nikirudi pale siku zangu za mapumziko, na nikiwa nyumbani nasoma. Nashusha kwa vipande maana naandika kwa simu yenye kioo kilichopasuka. Mwenye haraka apite, nyuzi za mpira zipo.

Tuweke jina sawa kwanza. Reichstag lilikuwa jina la bunge la zamani, enzi za Kaizari, na jengo likabaki nalo. Bunge la leo ni Bundestag. Ukimwambia dereva wa teksi "Reichstag" anakupeleka, ukimwambia "Bundestag" anakupeleka palepale.

KIPANDE CHA 1: KIWANDA CHA SAHANI

Ujerumani iliungana kuwa dola moja mwaka 1871, na bunge lake halikuwa na nyumba. Likapewa kiwanda cha zamani cha vyombo vya kauri, mtaa wa Leipziger, likaambiwa ni kwa muda tu. Muda huo ulikwenda miaka 23. Shindano la ramani lilifanyika 1872 na mshindi akapatikana, lakini kiwanja walichokitaka kilikuwa na jumba la kabaila mmoja, Raczyński, naye akagoma kuuza. (Mambo ya kupisha mradi hayakuanzia Kipawa, wakuu.) Shindano la pili likaja 1882, akashinda Paul Wallot, na tarehe 9 Juni 1884 Kaizari Wilhelm wa Kwanza akaweka jiwe la msingi.

Huo mwaka 1884 usiwapite. Novemba yake Carl Peters, Mjerumani msaka makoloni, alishuka Unguja, akavuka kwenda bara, akaanza kusainisha watu karatasi za mikataba Usagara, ikiwemo ile ya Chifu Mangungo wa Msovero tuliyoikariri sote sekondari. Akarudi Berlin na furushi lake, na tarehe 27 Februari 1885 Kaizari akampa hati ya ulinzi, yaani dola inazikingia kifua ardhi hizo. Tarehe hiyo iwekeni mfukoni, tutaihitaji.

Halafu 1889, bunge bado liko kiwandani, likaidhinisha maki milioni 2 kumpeleka Hermann von Wissmann pwani kwetu kuzima vita vya Abushiri bin Salim. Desemba 15 ya mwaka huohuo Abushiri alinyongwa Pangani. Mjomba nilipomwambia hili alikaa kimya muda mrefu, kisha akasema: "Kwa hiyo pesa ya kamba ile ilipigiwa kura penye kiwanda cha sahani."

Naendelea kesho, kuna mzee wa zamu yangu anaamka.

---

Chuma cha Pua

Napiga kambi hapa. Mkuu usije ukatokomea kama wale wa "itaendelea" halafu tunamkuta mtu kwenye uzi wa magari.

---

Mama Nasri

Mwalimu wetu wa kidato cha pili alikuwa akimtukana Mangungo mpaka mate yanaruka, utadhani kauza yeye shamba lake. Hakuna siku alituambia upande wa pili kulikuwa na bunge, kuna kura, kuna bajeti. Tulidhani Mjerumani alikuja tu kama mvua. Endelea baba.

---

Mpanda Kuba

KIPANDE CHA 2: NYUMBA ILIYOCHUKIWA NA MWENYE NCHI

Jengo lilifunguliwa 5 Desemba 1894, limekula kama maki milioni 24. Ni mlima wa mawe, mnara kila kona, katikati kuba la chuma na kioo. Kwa wakati ule kuba la namna hiyo lilikuwa jambo la kutisha kiuhandisi, na lilipita kwa urefu lile la kasri la Kaizari mjini humohumo. Kaizari mpya, Wilhelm wa Pili, hakupenda. Hadharani alisema ni kilele cha kukosa ladha, na kwenye barua zake akaliita nyumba ya nyani wa dola.

Ukitaka kujua uhusiano wake na bunge, tazama bango la mbele. Wallot aliacha nafasi juu ya nguzo za mlango mkuu kwa ajili ya maneno matatu: "Dem Deutschen Volke". Kwa lugha yetu, "Kwa Taifa la Wajerumani". Nafasi ile ilibaki tupu zaidi ya miaka 20. Nyumba ya bunge, mahali pa jina peupe, kwa kuwa kuandika kwamba nyumba ni ya taifa ni kusema si ya Kaizari.

Yakaandikwa Desemba 1916, katikati ya vita, watu wanakufa mitaroni na wengine njaa inawamaliza majumbani, ndipo mkuu akaona apoze moyo wa raia. Herufi, kimo chake sentimita 60, alizichora Peter Behrens akishirikiana na Anna Simons. Shaba ilitokana na mizinga miwili ya Wafaransa iliyotekwa kwenye vita vya Napoleon miaka mia moja nyuma. Waliozisubu ni kiwanda cha familia ya Loevy, Wayahudi wa Berlin. Miaka ishirini na ushei mbele, watu wa familia hiyo waliuawa na utawala uliojiita wa taifa hilohilo. Herufi bado ziko pale. Kila ninapopita chini yake nasoma maneno nakumbuka mikono.

---

Fundi Saruji

Kuchota shaba ya mzinga ukasubu herufi si mchezo, shaba ya mizinga ina bati ndani yake, inataka moto wa kueleweka. Hao Loevy walikuwa mafundi.

Swali: hilo kuba la kioo la sasa ndilo lile la 1894?

---

Mpanda Kuba

Hapana fundi, lile la kwanza lilishakufa. Nakuja huko. Ila kwanza kipande kilichonifanya nianzishe uzi.

KIPANDE CHA 3: MABRUK NA JAGODJO

Peters, baada ya yale ya Usagara, alipewa cheo cha kamishna wa dola upande wa Kilimanjaro, 1891. Kituoni kwake kulikuwa na kijana mtumishi, Mabruk, na binti aliyekuwa akiishi naye Peters kama kimada, jina lake limeandikwa kwenye karatasi za Wajerumani kama Jagodjo. Mabruk alinyongwa Oktoba 1891. Binti alinyongwa Januari 1892. Sababu rasmi zilikuwa wizi kwa mmoja, usaliti na kutoroka kwa mwingine. Sababu iliyonong'onwa ni kwamba Mabruk alilala na huyo binti. Watu wa kwetu walishampa Peters jina lake, Mkono wa Damu.

Huku Berlin mambo yalifunikwa miaka minne. Tarehe 13 Machi 1896, ukumbi wa jengo jipya ukiwa haujamaliza hata mwaka wa pili, akasimama August Bebel, kiongozi wa Wasoshalisti, fundi wa kukereza mbao wa asili, akaeleza yote mbele ya bunge zima. Majina ya watu wawili walionyongwa Kilimanjaro yakasikika chini ya lile kuba. Bebel alisoma na barua moja iliyokuja kuonekana baadaye kuwa ya kughushi, na wapenzi wa Peters waling'ang'ania barua hiyo mpaka kesho. Lakini kunyongwa kwenyewe hakukuwa uongo. Peters alishtakiwa kinidhamu, na 1897 akafukuzwa utumishi. Alifukuzwa kazi tu, hakufungwa hata siku moja.

Ngojeni, haijaisha. 1914 Kaizari akamrudishia pensheni. 1937, Peters ameshakufa, Hitler akamsafisha jina kabisa. 1939 wakaupa mtaa wa hapa Berlin jina lake, Petersallee, kule Wedding wanakoita Mtaa wa Waafrika. Wenyeji walipolalamika, mwaka 1986 manispaa ikatoa hukumu ya ajabu: kibao kinabaki, ila kuanzia leo Peters anayetajwa ni Hans Peters, mwanasheria mmoja aliyewapinga Wanazi. Yaani kibao kilekile, jina lilelile, mtu mwingine. Hiyo akili hata kwa mabaraza yetu ya kata sijaiona.

Kwa hiyo mjomba alipouliza sisi tumeandikwa wapi, jibu lilikuwepo. Tulitajwa humo, kwa sauti, kwa majina. Kazi ilikuwa kuona kama ukuta unakumbuka.

---

Mbege ya Jumamosi

Mimi ni wa Marangu. Nimesoma kipande hiki nimesimama kwenye foleni ya benki, nikapitwa na watu wawili.

Nyumbani Peters anatajwa kama mtu aliyepita, basi. Mabruk sijawahi kumsikia. Watalii wanaletwa kila siku kupanda mlima, wanaonyeshwa maporomoko ya maji na mapango, na hakuna anayeambiwa kwamba watu wawili walionyongwa huku waliangusha cheo cha mkubwa wa Kijerumani kule Berlin.

---

Kisiki Hakitoki

Mkuu umeandika vizuri lakini unanipa maswali. Bebel alisema kwa kuwapenda Waafrika au alikuwa anatafuta fimbo ya kumchapia Kaizari? Siasa ni siasa. Upinzani popote duniani ukipata kashfa unaila.

---

Mpanda Kuba

Kisiki, yote mawili, na sioni kosa. Bebel huyohuyo ndiye aliyesimama 1889 kupinga zile milioni mbili za Wissmann, na hapo kashfa ilikuwa haijazaliwa. Alishindwa kura lakini alisimama. Kama fimbo ya kumchapia Kaizari ilikuwa jina la Mabruk, bora jina lilitamkwa.

KIPANDE CHA 4: MOTO, BENDERA, UKUTA, KITAMBAA

Hapa nitakimbia maana mengi mnayajua.

Tarehe 9 Novemba 1918 Philipp Scheidemann alitoka dirishani kwenye jengo hili akautangazia umati kwamba ufalme umeanguka na nchi ni jamhuri. Usiku wa 27 Februari 1933 (toeni tarehe mfukoni: miaka 48 kamili tangu hati ya Peters) ukumbi uliungua. Alikamatwa kijana wa Kiholanzi wa miaka 24, Marinus van der Lubbe, wakamwua Januari iliyofuata, na wanahistoria bado wanabishana kama alikuwa peke yake. Kilicho wazi ni nani alifaidika: kesho yake tu ikatoka amri ya kufuta haki za raia. Tarehe 23 Machi wabunge, kwa kuwa ukumbi ni majivu, wakakutana jumba la opera la Kroll upande wa pili wa uwanja, wakapiga kura ya kumpa Hitler madaraka ya kutunga sheria bila wao. Wasoshalisti peke yao walipinga, wakomunisti walikuwa wameshafungiwa nje. Nje ya jengo leo kuna vipande 96 vya chuma cheusi vimesimamishwa wima kama vitabu kwenye rafu, kila kimoja mbunge aliyeuawa na Wanazi, jina limechongwa ubavuni. Watu wengi wanafungia baiskeli jirani yake bila kujua.

Mei 1945 Wasovieti wakasimika bendera juu. Ile picha maarufu, ya Yevgeny Khaldei, ilipigwa tarehe 2 Mei, mapigano yameshakwisha, na kabla ya kuchapwa gazetini moja ya saa za mkononi za askari ilifutwa pichani ili isionekane ameiba. Askari wenyewe wakaingia na makaa na chaki wakaandika kuta nzima: majina, miji waliyotoka, tarehe, na matusi.

Miaka ya vita baridi jengo lilikaa gofu upande wa magharibi, Ukuta wa Berlin ukipita mgongoni kwake kabisa. Kuba lilikuwa limechakaa, wakalilipua Novemba 1954. Fundi Saruji, ndiyo hatima ya kuba lako. Msanifu Paul Baumgarten akalikarabati kuanzia 1961, akaficha yale maandishi ya askari nyuma ya mbao mpya.

Ujerumani mbili, Magharibi na Mashariki, zikaungana 3 Oktoba 1990 mbele ya jengo hili. Kuhamisha bunge kutoka Bonn, uliokuwa mji mkuu wa Magharibi, kulipita Juni 1991 kwa kura 338 dhidi ya 320, yaani pengo la watu 18. Na kabla ya ukarabati, wasanii Christo na Jeanne-Claude wakalifunika jengo zima kwa kitambaa cha rangi ya fedha, wiki mbili za kiangazi cha 1995. Walikuwa wakiomba kibali tangu 1971. Bunge lilijadili na kupiga kura (292 kwa 223) kama lifungwe au lisifungwe, na Kansela Kohl alikuwa hataki. Walikuja watu milioni tano. Mzee ninayemhudumia alikuwepo, ananiambia kwamba kwa mara ya kwanza maishani mwake alilitazama jengo lile bila kuogopa.

---

Chuma cha Pua

Bunge linakaa linajadili kama livalishwe shuka. Na pesa za walipa kodi?

---

Mpanda Kuba

Hata senti. Christo alijilipia mwenyewe kwa kuuza michoro yake.

---

Fundi Saruji

Sasa kuba jipya mkuu, maana mimi ndilo lililonileta.

---

Mpanda Kuba

Msanifu ni Norman Foster, Mwingereza. Alishinda shindano kwa ramani isiyo na kuba hata kidogo, hakulitaka. Wabunge ndio walioshikilia lirudi, akasalimu amri, lakini akaligeuza kazi. Lina kipenyo cha mita 40 na kimo cha mita 23 na nusu. Katikati imeshuka koni yenye vioo 360 vya kujitazamia, inachukua mwanga wa jua inaumwaga chini ukumbini, na kuna kinga inayozunguka kulifuata jua ili wabunge wasiunguzwe macho. Koni hiyohiyo ndiyo bomba la kutolea hewa ya moto ya ukumbini. (Utani wa hapa unaujua bila kuambiwa: ndiyo jengo pekee lililojengewa mtambo wa kutolea maneno matupu.) Njia mbili za mzunguko zinapanda na kushuka, kila moja kama mita 230, mpandaji na mshukaji hawakutani. Jengo lilianza kazi 19 Aprili 1999.

Maana waliyoitaka ni kwamba raia anatembea juu ya kichwa cha mbunge. Ukichungulia chini unaona viti. Mjomba aliona viti havina mtu akasema, "Kumbe na huku wanatoroka."

---

Mwana wa Pate

Asalaam aleikum. Mie ni wa upande wa Lamu, Kenya. Hapo kwa bendera na kuba nimekumbuka jambo: nyinyi Watanzania lile rungu la Spika mwaliita siwa. Siwa ni neno la kwetu. Ni ile pembe kubwa ya kupuliza, ya Pate ni ya ndovu, ya Lamu ni ya shaba, na haikulizwa ila kwa shughuli za wenye mji. Mkaichukua mkaipa bunge. Nadhani ni jina zuri kuliko jengo lolote.

Letu la Nairobi lilijengwa miaka ya hamsini, wakati wa hali ya hatari, watu wako vizuizini, na juu ya mlango wakaandika maneno ya ustawi wa jamii na utawala wa haki. Tarehe 25 Juni 2024 vijana waliingia humo ndani. Waliosoma yale maneno wakati wa kuingia sijui ni wangapi.

---

Mama Nasri

Wa Pate umenigusa. Mimi kila nikiona siwa kwenye televisheni inaingia mbele ya Spika nilidhani ni neno la kisheria.

---

Mpanda Kuba

Waaleikum salaam ndugu yangu. Hilo la siwa naliiba.

KIPANDE CHA 5: KUKU MNENE, UDONGO NA MASANDUKU

Mara ya kumi na mbili sikupanda kuba, nilijiunga na ziara ya ndani. Mama aliyetuongoza alitupitisha penye yale maandishi ya askari. Yaligunduliwa tena walipobomoa mbao za Baumgarten. Baadhi ya wabunge walitaka yafutwe, maana fikiria unakwenda kupiga kura ya bajeti, unapita ukuta ambao adui wa baba yako ameandika jina lake. Foster alipigania yabaki, yakabaki. Matusi mazito yaliondolewa kwa makubaliano na Warusi.

Ukumbini amening'inia tai, nembo ya nchi: mita 8 na nusu bawa kwa bawa, tani mbili na nusu. Kanenepa. Umbo lake lilibuniwa na Ludwig Gies kwa ajili ya ukumbi wa Bonn 1953, na watu wakamwita Kuku Mnene. Foster alichora tai mwembamba, mkali, wabunge wakakataa katakata, wakasema tunamtaka kuku wetu. Namuelewa Mjerumani hapo. Tai mwembamba walishakuwa naye na waliona alikowapeleka.

Kwenye ua wa kaskazini kuna kitu ambacho natamani kila mhamiaji akione. Msanii Hans Haacke alitandaza sanduku kubwa la udongo, ndani yake herufi za taa, mwandiko uleule wa Behrens wa mlangoni, lakini maneno mengine: "Der Bevölkerung". Si "Kwa Taifa" tena, ni "Kwa Wakazi". Wabunge waliparurana, ikaja kura Aprili 2000, ikapita 260 kwa 258. Kura mbili! Kila mbunge anaalikwa kuleta kilo 50 za udongo wa jimbo lake, na kinachoota hakipaliliwi wala hakimwagiliwi. Mjomba nilimwonyesha picha akatikisa kichwa: "Mwalimu alishachanganya udongo wa Tanganyika na Zanzibar, sitini na nne, hawa wamechelewa." Mimi nilichokiona ni kingine. Miaka tisa napita chini ya bango la mbele nikijua halinihusu, mimi si taifa lao. Lakini mkazi ni mkazi. Nalipa kodi, nawaogesha baba zao. Neno lile la uani linanihusu, na lilipona kwa kura mbili.

Halafu tukashuka chini ya ardhi. Msanii Mfaransa, Christian Boltanski, alipanga masanduku ya bati yenye kutu, karibu elfu tano, ukutani mpaka darini, katikati ujia mwembamba. Kila sanduku lina jina la mbunge aliyechaguliwa kidemokrasia. Waliouawa na Wanazi wametiwa alama. Hata Hitler analo lake. Na liko sanduku moja jeusi la miaka ambayo bunge halikuwepo.

Nikaanza kumtafuta Bebel. Nimezunguka ule ujia mpaka yule mama akanifuata. Akaniambia taratibu: masanduku yanaanzia 1919. Bebel alikufa 1913.

Kwa hiyo ndiyo hivyo wakuu. Wayahudi wapo kwenye herufi za mlangoni, Warusi wapo ukutani kwa mwandiko wao, waliouawa wapo nje kwenye vyuma 96, Ukuta umechorwa kwa mstari wa mawe barabarani, hata aliyeichoma nchi ana sanduku. Katika yote niliyoyapitia, ile siku ya 13 Machi 1896 sikuiona popote. Kumbukumbu ya nyumba inaanzia pale jamhuri ilipoanzia, na sisi tulitajwa kabla.

---

Kisiki Hakitoki

Mkuu naomba nikupinge kwa heshima. Mjerumani aandike Mabruk bungeni kwake kwa sababu gani, wakati sisi wenye Mabruk hatujaandika? Ukumbi wetu wa Karimjee, bunge limekaa pale, hati za Muungano zilibadilishwa pale Aprili 1964. Vijana wangapi wa Dar wanaopita nje wanalijua hilo? Wanajua kuna harusi na misiba ya wakubwa. Tumehamia Dodoma, jengo zuri, sina neno. Lakini usimdai jirani kumbukumbu wakati kwako albamu imeliwa na mchwa.

---

Mama Nasri

Kisiki una ukweli ila unampiga aliyeleta habari. Mtu anaweza kudai kote kuwili.

---

Mpanda Kuba

Kisiki, sina hoja ya kukujibu hapo kwa Karimjee, umenifunga. Mimi mwenyewe nimesoma Dar, nimepita pale kwenda Posta mara elfu, nilikuwa naangalia miembe.

Lakini nikupe moja. Ile Petersallee ya majina mawili, Agosti 2024 imebadilishwa kweli. Imegawanywa, kipande kimoja kinaitwa Anna-Mungunda-Allee, kwa mwanamke wa Namibia aliyeuawa Windhoek 1959, kipande kingine Maji-Maji-Allee. Wenyeji na Waafrika wa hapa wamepigania miaka mingi. Jana nilimpeleka mjomba. Hakuna cha kuona, ni mtaa wa nyumba za kupanga, mama mmoja anatembeza mbwa, kibao kipya. Mjomba akakisoma mara tatu kwa sauti, kwa lafudhi ya Pangani, mpaka mbwa akageuka. Akanitaka nimpige picha akiwa amekishika, akaniambia niitume kwenye kundi la familia lakini nisiandike kitu chini yake.

---

Mbege ya Jumamosi

Mimi narudi kwa yule binti. "Jagodjo" limeandikwa kwa sikio la Mjerumani, hiyo "dj" imenikaa vibaya. Nimejaribu kulitamka kila namna njiani, na konda akaniuliza kama naumwa.

Bibi yangu ana miaka tisini na kitu, na majina ya zamani ndiyo kazi yake, anajua mpaka ya watu wa mabondeni. Jumapili nakwenda. Nitamtamkia polepole.